Malalamiko Kuhusu Shangazi Kufumba Macho

Kwa Mkurugenzi wa Jumba la Sanaa,

Ndugu Mkurugenzi,

YAH: MSANII WENU KUCHELEWESHA KIFO

Natumaini u mzima. Shangazi yangu naye ni mzima, na hilo ndilo linalonifanya nikuandikie.

Huu ni mwezi wa tatu tangu msanii wenu, yule anayepiga picha na filamu za watu wanaofariki, aanze kuja kwetu. Daktari alikuwa amempa shangazi wiki mbili za kuishi. Shangazi mwenyewe alitia sahihi ya kukubali kupigwa picha, nami nikahama chumba ili mataa ya msanii yapate pa kusimama. Sasa sikiliza.

1. Kila jioni msanii husema, "Shangazi, hii ndiyo ya mwisho." Kila jioni shangazi hufumba macho, makusudi kabisa, kisha humwambia, "Nimefumba, mwanangu. Rudia kesho." Naye hurudi! Humu ndani tunamwita Bwana Mwisho.

2. Mgonjwa aliyekuwa hawezi kuinua kijiko sasa anaagiza wanja. Juzi alikataa kurekodiwa akikohoa kwa upande wa kushoto, eti upande huo haumpendezi.

3. Baba mdogo alisafiri kuja kumuaga dada yake. Ameshaaga mara nne. Ya tano, akiwa katikati ya kilio, aliambiwa na marehemu mtarajiwa asogee, anaziba mwanga.

4. Jumanne shangazi alimuuliza msanii, "Nikishakufa, utakwenda kwa nani?" Msanii akajibu kwamba yupo bibi mmoja mtaa wa pili. Shangazi akaitisha supu, akaimaliza, akaomba nyingine. Wivu, Ndugu Mkurugenzi, katika umri ule!

Fundi akiitwa kubomoa ukuta, naye akaupaka rangi, utamwitaje? Naomba mumwondoe, au mtuletee msanii asiyependeka.

Wasalimie wote hapo, hasa wanaosafisha picha chumba cha giza. Siku hizi wanamwona shangazi kuliko mimi.

Wako mwenye kungoja,
Mtoto wa kaka yake

N.B. Barua hii imekaa mfukoni siku mbili, tangu nilipomfukuza msanii mimi mwenyewe bila hata kuituma. Chumba nimekirudia. Supu inapoa, wanja haujaguswa, na shangazi ameuliza mara moja tu, "Mwanangu yule hajaja?"

Tafadhali, hayo ya juu yafute. Mrudishe leo hii, aje na filamu ndefu. Mwambie ile ya mwisho haifai, shangazi alifumba macho. Arudie.