Kijimraba Kilichovunja Kimya cha Nyumba Yetu

Paysandú, Jumatatu, katikati ya Julai

Kwa Bi. Maite Sosa,
Mtengenezaji wa mchezo uitwao "Dari",
Montevideo.

Bi. Mtengenezaji,

YAH: MALALAMIKO KUHUSU KUVUNJWA KWA KIMYA HALALI

Naamini barua hii itakukuta mzima, wewe na wale wenzako wawili mnaotengeneza nao michezo. Sisi tu wazima, ila baridi ya mwaka huu haina adabu. Najua kwamba mimi ni kaka wa marehemu bibi yako Nibia, na kwamba umezoea kuniita babu Dardo. Kwa shughuli hii naomba undugu tuuweke juu ya kabati, tutaushusha tukimaliza. Nimetumikia posta maisha yangu yote, na najua kwamba barua ya malalamiko haiandikwi kwa mjukuu. Huandikwa kwa mhusika.

Kwanza nieleze hali ilivyokuwa kabla yako, maana mlalamikaji asiyeeleza hali huonekana mgomvi tu.

Mimi na mdogo wangu Heber tunaishi nyumba moja, ile waliyotuachia wazazi, na tulikuwa hatusemezani kwa miaka kumi na moja. Chanzo unakijua, lakini nakiandika ili kiwe kwenye kumbukumbu. Ilikuwa fainali ya truco, mchezo wetu wa karata, pale klabuni, mwezi wa Februari, joto la kuyeyusha mishumaa. Mimi na Heber tulikuwa upande mmoja. Katika truco, wenza huambiana karata zao kwa ishara za uso, na hilo si wizi, ndiyo utamu wenyewe wa mchezo. Heber akanikonyeza jicho. Kwetu kukonyeza ni karata kubwa, hakuna tafsiri nyingine. Nikasimama, nikapiga meza, nikadai dau la mwisho kabisa kwa sauti iliyosikika mpaka mtoni. Tulipofunua karata, Heber alikuwa na vitu vya kutupwa. Mwanakondoo wa zawadi akaenda kwa wapinzani wetu, wale wawili wa duka la mikate, wakamchoma Jumapili ileile, na moshi wake ukaja hadi barazani kwetu.

Heber alijitetea hivi: "Alikuwa nzi, Dardo! Nzi kaniingia jichoni, nifanyeje?"

Nikamwambia: "Basi kaishi na nzi wako."

Hayo yalikuwa mazungumzo yetu ya mwisho, na napenda ujue kwamba kimya kilichofuata hakikuwa cha ovyoovyo. Kilikuwa na utaratibu. Kila asubuhi mimi nilitia yerba, majani yetu machungu ya chai, kwenye kibuyu, nikamimina maji ya moto, nikanywa changu, nikamsogezea. Yeye akanywa kwa mrija uleule, akanirudishia. Ugomvi wetu haukuwa kosa la yerba. Sasa, kama unavyojua, anayerudisha kibuyu akasema "asante" ametangaza kwamba ametosheka. Lakini sisi hatukuwa tukisemezana, kwa hiyo hakuna aliyeweza kusema asante. Tulikunywa mpaka chupa ya maji ikaisha, kila siku ya Mungu. Daktari wa zahanati alizisifu figo zetu.

Heber, kama kinyozi mstaafu, aliendelea kuninyoa, na kwa sababu sikuweza kumwambia nataka mtindo gani, nimekuwa na kichwa kilekile tangu wakati huo. Mambo makubwa, kama bomba kupasuka au kifo cha mtu, tuliyapitisha kwa jirani yetu Bi Élida. Mimi namwambia uani, yeye anazunguka nyumba na kumwambia Heber kwenye mlango wa mbele. Watu walituheshimu. Kuna wanandoa mtaa huu waliokuja kujifunza kwetu.

Ndipo ukaja wewe, likizo ya Wiki ya Utalii, ndivyo tuitavyo huku wiki ya Pasaka, na mchezo wako. Ukauweka kwenye kishikwambi nilichogawiwa kama mstaafu ukasema, "Babu, jaribu tu, hauna maneno ya kusoma, ni kugusa kioo basi." Nikautazama. Kioo cheupe. Kijimraba cheusi. Miba. Mlango. Ukigusa, dari inakuwa sakafu na sakafu inakuwa dari, na kijimraba kinaangukia juu. Hakuna muziki, hakuna adui, hakuna hata anayekupongeza. Ukifika mlangoni unaingia chumba kingine. Nikaona kitu kikavu hivi hakiwezi kumdhuru mtu.

Nimejuta, na sababu ni hizi:

1. Tangu Adamu, kitu kikiponyoka huenda chini. Mimi mwenyewe nilianguka na baiskeli ya posta mara nyingi, na sikuwahi kukwama kwenye mti. Mchezo wako umeniharibu. Wiki iliyopita yai liliniponyoka jikoni nami nikatazama juu. Nilitazama juu kwa utulivu, nikisubiri, huku yai likiwa tayari kwenye kiatu changu.

2. Chumba cha thelathini na moja. Hapa naomba ukae chini, Bi. Mtengenezaji. Katika chumba hicho mlango uko palepale, karibu kabisa, nyuma ya ukuta mwembamba kama ganda la kitunguu. Kijimraba kinauona. Mimi nauona. Ila katikati kuna shimo la miba, na juu ya shimo, darini, kuna miba mingine. Ukienda chini unakufa, ukienda juu unakufa. Nilikufa likizo ikaisha, majani yakapukutika, nami bado nakufa. Nilikuwa nimeketi kwenye meza ya jikoni na Heber yuko mkabala wangu na kibuyu chake, akitazama dirishani. Nilidhani anatazama dirishani.

Kumbe alikuwa anatazama kioo changu. Na kwa kuwa ameketi upande wa pili, alikuwa anakiona kichwa chini miguu juu. Dari yangu ilikuwa sakafu yake. Mimi nilikuwa naona shimo, yeye alikuwa anaona njia. Hukulifikiria hilo ulipotengeneza mchezo, au ulilifikiria? Ningependa jibu kwa maandishi.

Basi Heber akapandisha nyusi. Ishara ya truco kabisa, ya klabuni, yenye maana ya "nenda sasa". Lakini aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Nikafanya kinyume. Kijimraba kikafa. Akapandisha nyusi tena. Nikafanya kinyume tena, kwa makusudi na kwa heshima ya msimamo wangu. Kikafa. Mara ya tatu Heber akaweka kibuyu mezani na kufungua mdomo, baada ya miaka kumi na moja, na neno la kwanza kutoka humo likawa hili:

"Geuza kabla ya ukingo, we punda! Kabla! Halafu geuza tena kikiwa hewani!"

Nami, bila kuombwa ruhusa na mdomo wangu, nikajibu: "Ukingo upi?"

Akanionyesha kwa kidole, nikageuza, nikageuza tena, na mlango ukafunguka. Kimya kingi kina mshindo mkuu, nakubali, lakini mshindo wenyewe ndio "punda"?

3. Tangu siku hiyo nyumba haina amani. Ni maneno kutoka kifungua kinywa mpaka uji wa jioni. "Subiri." "Nisubiri nini, nisubiri kife?" "Kaka, una kidole kizito kama mguu wa meza." "Kizito ndiyo, kilipiga mihuri ya nchi nzima hiki." Na kibuyu ndicho kimeharibika zaidi. Heber sasa anasema "asante" mapema ili apate mikono miwili ya kunielekeza. Chupa inabaki nusu. Sijui nifanye nini na maji ya moto. Nayamwagia mlango wa banda ulioganda kwa baridi, na kuku wameanza kuniogopa.

4. Kunyolewa. Kinyozi asiyesema na mteja hana sababu ya kupunga mikono. Sasa Heber ananyoa huku anaeleza, na anaeleza kwa mkasi. Akitaka kuonyesha namna kijimraba kinavyopinduka hewani, anakipindua kwenye sikio langu. Nilikwenda misa nikiwa na ndevu za shavu moja. Padre aliniuliza kama ni nadhiri.

5. Bi Élida. Mwanamke huyu tumemvua cheo bila hata ya barua. Alikuja Ijumaa kupokea ujumbe kama kawaida, akatukuta tunabishana kuhusu chumba cha thelathini na nane, akasimama mlangoni na shali yake ya sufi mabegani. Akasema: "Kumbe mlikuwa na midomo! Mimi jembe nimelima miaka yote hii, leo kapu la kuvunia mmenificha?" Tukamkaribisha keki zilizokaangwa, maana mvua ilikuwa inanyesha na mvua ikinyesha hukaangwa keki, hilo halina ugomvi. Alikula, akatazama kioo, akasema, "Geuzeni sasa, wazee, mnangoja nini?" Akapatia. Sasa naye anakuja kila siku, na anataka zamu.

6. Hili ndilo zito zaidi, na mengine yote nimeyatanguliza ili hili lisikuangukie ghafla. Tulikuwa chumba cha arobaini na nne. Kijimraba kiko hewani, mimi nimebana pumzi, kidole kimesimama. Wakati huohuo Heber akasema, kwa sauti ya chini, bila kunitazama:

"Alikuwa nzi kweli, Dardo."

Bi. Mtengenezaji, nilikuwa na jibu la neno hilo. Nililitayarisha kwa miaka kumi na moja. Lilikuwa jibu zuri, lenye vipengele. Lakini kijimraba kilikuwa hewani! Nikagusa, kikatua, mlango ukafunguka, na nilipogeuka ili nikasirike, hasira haikuwepo. Niliitafuta mchana kutwa. Nilikaa barazani nikamkumbuka yule mwanakondoo, moshi wake, nyuso za watu wa mikate. Sikupata kitu. Nilipata njaa tu. Mali hiyo ilikuwa yangu, nimeilea kwa mkono wangu, na imepotelea ndani ya mchezo wako.

Kwa hiyo, kwa heshima zote, naomba yafuatayo. Mchezo wa "Dari" uondolewe sokoni, au angalau Paysandú. Vitu virudishiwe uzito wake wa kwenda chini. Nirudishiwe hasira yangu, na kama haipatikani, niletewe nyingine ya ukubwa uleule. Mwisho, uandike kwa mkono wako kwamba vyumba thelathini vya mwanzo nilivifungua mimi peke yangu, maana kuna mtu humu ndani anayejitangaza mtaani kama bingwa.

Mtu huyo amesimama nyuma yangu sasa hivi na anasoma. Anasema: "Andika kwamba cha thelathini na moja ni changu." Nimekataa kuandika. Anasema pia ukija usisahau jibini ile ya duka la karibu na stendi.

Nisalimie mama yako, wasalimie wenzako wawili, na umsalimie yule kijana uliyekuja naye mara ya mwisho, kama bado yupo. Kama hayupo, usimsalimie. Bi Élida naye anakusalimu na anauliza kama vyumba vinaisha.

Wako katika haki,

Dardo Olascoaga,
Mlalamikaji,
Mtumishi mstaafu wa Posta.

Baada ya sahihi: Leo ni Jumamosi na barua bado iko mezani. Mimi, mtu wa posta, nimeshindwa kupeleka barua.

Vyumba vinaisha. Tulifungua cha mwisho Jumanne, mimi na Heber, kidole changu na macho yake. Mlango ukafunguka na upande wa pili hapakuwa na kitu. Cheupe tu. Nikagusa, akagusa. Cheupe. Heber akasema, "Basi," akainuka akaosha kibuyu. Bi Élida alikuja, akaona, akarudi kwake.

Tangu siku hiyo namimina, anakunywa, ananirudishia, na hasemi asante. Chupa inaisha. Si kwamba tumegombana, mjukuu wangu. Ni kwamba hatujui kuanza. Tulizoea kusema "geuza" na "subiri", na sasa hakuna cha kugeuza wala cha kusubiri. Jana nilitaka kumuuliza kama mguu bado unamuuma. Nilikaa na swali hilo mdomoni mpaka yerba ikapoa. Naogopa. Kimya cha zamani nilikiweza kwa sababu kilikuwa changu. Hiki sikiwezi.

Kwa hiyo futa maombi yote hapo juu. Undugu nimeushusha kabatini, una vumbi kidogo. Tengeneza vyumba vingine, wewe na wenzako, vingi, vya miba mibaya. Na ukiweza, tengeneza kimoja kisichofunguka kabisa, lakini usituambie ni kipi. Cha thelathini na moja kilikuwa cha Heber, nakiri.

Nakuandikia haraka kwa sababu ya jambo moja. Leo asubuhi, nikimpa kibuyu, Heber amenikonyeza jicho. Nimetazama dirishani kwanza. Nyasi zote ni nyeupe kwa barafu, na nzi huku hawaonekani mpaka Oktoba. Nami nikamkonyeza. Sasa tumekaa tunatazamana, kila mmoja amemwambia mwenzake kwamba ana karata kubwa, na mezani hakuna mchezo.