Mvua ya Jumamosi Yatambuliwa Rasmi

Kwa heshima na taadhima, Ofisi ya Jimbo ya Anga na Nidhamu ya Mvua inawajulisha raia wote wa Bukavu kwamba mvua ya Jumamosi ile, ambayo haikunyesha, sasa imenyesha rasmi. Maamuzi yote mawili niliyaandika mimi, Chrispin, karani mkuu wa Ofisi. Ule wa kwanza niliuandika nikiwa nimelowa mpaka soksi.

Nisimulie yalivyokuwa, maana mjini watu wanapotosha.

Ofisi yetu iko Ibanda. Kwa miaka mingi ilifanya kazi vizuri sana, kwa sababu haikuwa na mtaalamu wa hali ya hewa hata mmoja. Kila asubuhi mkuu wetu, Papa Directeur Blanchard, alichungulia dirishani, akatafakari, akatangaza: "Hali ni ya kuridhisha." Tukapiga muhuri, tukanywa chai. Anga halikuwahi kulalamika.

Ndipo alipoletwa Docteur Eulalie.

Alikuwa binti wa mtaa wa Kadutu. Alipokuwa mdogo, nyumba ya nyanya yake iliteremka mlimani pamoja na mvua, ikaenda kusimama mlangoni kwa jirani. Wengine walisali novena, wakayaacha yapite. Yeye akataka kujua kwa nini. Swali hilo lilimpeleka chuo kikuu, kisha Niamey. Naam, mtu alitoka Bukavu akaenda ukingoni mwa jangwa kusomea mvua. Aliporudi na udaktari wake, tulimpokea kwa shangwe, tukampa meza karibu na choo.

Siku ya kwanza tu akasimama mbele ya kipimamvua chetu, kilichokuwa mapokezi.

"Hii pluviomètre inafanya nini mu salon?"

"Inabeba maua, Docteur," nilimjibu. Yalikuwa maua ya plastiki, hayakuomba maji.

Aliyatoa maua, akakipeleka chombo nje, akakiacha kinyeshewe. Mali ya Serikali! Tangu hapo akawa anapima, anachora, analinganisha. Akisema mvua itakuja mchana, inakuja mchana. Tabia hiyo iliwaudhi wakubwa.

Basi ikapangwa kwamba Jumamosi Waziri angetoka Kinshasa kuja kuzindua kibao kipya cha Ofisi yetu. Katikati ya juma Docteur akabisha hodi kwa mkuu.

"Papa Directeur, samedi mvua kubwa inakuja. Udongo umeshashiba maji. Ule mto wa chini ya soko utapanda. Bamama benye kuuza pale kandokando batoke."

"Samedi Waziri anakuja."

"Mvua haimujue Waziri, Papa."

"Basi tutaijulisha."

Tume ya Ofisi ikaitishwa ipige kura. Jua lilipata kura zote isipokuwa ya Docteur, ambayo ilifutwa kwa sababu ilikuja na ushahidi. Papa Directeur akatia sahihi: Jumamosi itakuwa kavu, na mtumishi atakayetangaza mvua atafukuzwa kazi. Redio ikasoma.

Docteur hakubishana. Ijumaa alivaa buti, akashuka soko la Nyawera. Mimi nilitumwa kumfuata kwa siri, kwa hiyo nilivaa miwani ya jua.

"Papa Chrispin, ile lunettes ni ya nini?" aliniita Maman Constance, muuza sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani, toka mbali kabisa. "Jua iko wapi?"

Niliisukuma miwani juu ya pua, kikazi. Docteur akachuchumaa mbele ya meza yake, akamweleza habari ya mto.

"Docteur, radio inasema kesho ni jua tu," Constance alisema. "Bakubwa njo balisema."

"Bakubwa bako kule juu, maman. Maji inateremukaka huku chini."

"Na nikihama, halafu jua iwake? Batu batanicheka mpaka Noël ifike."

"Jua ikiwaka, miye mwenyewe nitakurudishia mizigo yako pa kichwa, soko yote ikiniangalia."

Constance alicheka mpaka akashika kiuno. Docteur muzima, na kitunga ya sambaza pa kichwa! Hata kama ni kwa hiyo tu, alisema, atahama. Akaanza kufunga, na jirani zake wakaanza kufunga. Vijana wa pikipiki wakapandisha magunia mlimani huku wakipiga honi kama arusi. Mimi peke yangu nilimwona Docteur akitazama anga kila hatua. Jua likiwaka, hatakuwa na kazi Ibanda wala uso Nyawera.

Jumamosi kulipambazuka kweupe. Papa Directeur alivaa suti nyeupe, akamtazama Docteur kwa huruma ya mshindi. Docteur alikaa kiti cha nyuma, akiuma mdomo, macho mlimani. Jua lilitii amri mpaka Waziri aliposhika mkasi.

Hapo mbingu zilipasuka. Hema lilienda ziwani bila kuaga. Kibao kililala. Waziri alikimbilia gari lake, na hakuonekana tena. Kule chini ya soko mto ulipanda, ukabeba vibanda, meza na mbao. Mtu haukumpata hata mmoja. Wote walikuwa juu, barazani pa duka la sementi, wakiangalia.

Docteur alikuwa amesimama katikati ya mvua, analia na kucheka.

"Chrispin," Papa Directeur aliniambia, maji yakimtoka puani, "andika: haikunyesha."

Nikaandika.

Jumatatu habari ikatufikia kwamba ukuta wa villa ya Papa Directeur umeanguka juu ya jeep yake mpya. Serikali ilikuwa imeahidi msaada kwa walioharibiwa mali na mvua. Alinijia mwenyewe, fomu ya msaada mkononi.

"Chrispin, piga muhuri."

"Haiwezekani, Papa Directeur. Mvua haikunyesha."

"Lakini uliiona! Ulilowa!"

"Nililowa kama raia, Papa. Kama karani nilikuwa mukavu."

Alinitazama kuanzia kichwani hadi soksi. Nadhani ilikuwa fahari.

Ikabidi aende karibu na choo, kwenye meza ya Docteur, kuomba cheti cha mtaalamu kwamba mvua ilinyesha. Docteur angeweza kumcheka, lakini alimpa kiti.

"Attestation nitakuandikia, Papa. Lakini ile décision ya haikunyesha ifutwe kwanza, na muifute kule Nyawera, mbele ya bamama. Siku ingine mvua ikikuja, batasikiliza nani?"

Hivyo ndivyo mkuu wetu alivyopanda juu ya kreti ya bia sokoni, akakohoa, akasema: "Jumamosi... mvua... ilinyesha."

Vigelegele vikalipuka.

"Aksanti, Papa Directeur," alisema Maman Constance. "Tulikuwa tunangojea kujua. Na kesho?"

Papa Directeur alitazama juu. Anga lilikuwa safi, bila wingu. Alifungua mdomo, nami nikaweka kalamu tayari. Akaufunga.

"Docteur?" aliuliza, taratibu.

"Kesho munaweza anika sambaza," alisema Docteur Eulalie.

Wanawake wakarudi kwenye biashara zao, na Docteur akaenda kuangalia mto. Papa Directeur alibaki juu ya kreti, akingoja mtu amwambie kama anaweza kushuka.