Kicheko cha Kobe

Jumatatu, 6 Mei

Balaa! Mkurugenzi wa vipindi katuita ofisini, mimi na Madamu Chura. (Namwita hivyo humu tu, kwa sababu kipindi chake kina chura anayecheza dansi. Usoni namwita mwenzangu.) Kasema kituo kina nafasi ya kipindi kimoja cha watoto. Ama chura wake, ama kobe wangu. Alhamisi watoto wa darasa la pili, shule ya jirani, wataonyeshwa vyote viwili, na sisi tutakaa nyuma ya kioo. Hatutazami televisheni. Tunatazama nyuso za watoto: nani kacheka, nani kaanza kuchezea viatu.

Kobe huyu ni mwanasesere wa kitambaa, nimemtia mkono tangu nina nywele kichwani. Sauti yake ni yangu. Sijui kazi nyingine duniani! Akifa yeye, naenda kuuza vigae dukani kwa shemeji. Shemeji keshanipimia ovaroli. Anadai ni utani.

Jumanne, 7 Mei

Nimepata! Darasa lile ni la mpwa wangu! Jioni nimemkusanya yeye na rafiki zake sita sebuleni kwa dada, nikawawekea kipindi. Kobe akiteleza kwenye ganda la ndizi, wacheke huku wameshika mbavu. Kila kicheko, biskuti. Dada kauliza nawafanyia nini watoto wa watu. Nikamjibu ni utafiti. Kaniangalia kwa jicho lile la marehemu mama. Nikaangalia dari.

Jumatano, 8 Mei

Mazoezi tena. Na tena. Wanajua kila kitu sasa. Mpwa kaniambia, mdomo umejaa biskuti, kwamba Mjomba, kobe wako anaongea sana. Watoto wa siku hizi hawana adabu!

Nimekutana na Madamu Chura kwenye korido. Kaniuliza kama nalala vizuri. Kejeli tupu. Kaona jicho la kobe linalegea, akajitolea kulishona. Eti kulishona! Alivuruge kabisa? Nimelibandika mwenyewe kwa gundi. Sasa kobe ana makengeza, lakini heshima yangu iko palepale.

Alhamisi, 9 Mei

Chura alianza. Wengine walicheka, wengine walipiga miayo. Nikafurahi moyoni, Mungu anisamehe. Kisha kobe wangu. Anatembea, anahubiri, ganda la ndizi lile pale... na kabla hajalikanyaga, wale saba wakaangua kicheko! Wote kwa pamoja, mikono mbavuni. Watoto wengine wakageuka kuwashangaa. Kobe akaanguka. Kimya. Mkurugenzi akamuuliza fundi wa sauti kama picha imechelewa. Fundi akasema haijachelewa. Hapo wale saba wakageukia kioo na kunyoosha mikono. Wanadai biskuti!

Mkurugenzi akaingia ndani, nami nyuma yake, jasho likinitiririka. Akamuuliza mpwa kulikoni. Mtoto kalelewa vizuri mno, hajui kudanganya. Kasema Mjomba alitufundisha. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Nilikuwa nimemleta kobe mwenyewe, watoto wamsalimie. Mpwa akamchukua mezani, akaingiza mkono. Kobe akafungua mdomo aseme neno, akasinzia. Akashtuka, akafungua tena, akasinzia tena. Hakutoa hata sauti. Darasa zima likaanguka chini kwa kicheko, cha kweli, kile kisichofundishwa. Nami nilicheka. Kisha nikaumia, maana mkono haukuwa wangu wala sauti haikuwepo.

Ijumaa, 10 Mei

Nimeitwa. Nilivaa suti ya mazishi. Uamuzi: kobe anabaki! Chura pia anabaki. Watakaa kipindi kimoja, na nitaandika hadithi na Madamu Chura. Yeye ndiye aliyenitetea. Alisema mtu anayehangaika hivyo kwa ajili ya kobe asifukuzwe. Ana njama gani huyu? Nitaichunguza.

Sharti ni moja. Kobe asiseme neno. Mwezi ujao tutapimwa tena, mbele ya darasa jingine.

Jioni nzima nimejikagua kwa ukweli. Nimeliona kosa langu waziwazi, wala sioni haya kuliandika. Watoto walicheka mapema mno! Darasa jipya nitalifundisha kusubiri kobe aanguke, wahesabu moja, mbili, ndipo wacheke. Na kobe haruhusiwi kusema, sawa, amri ni amri. Ila hakuna aliyemkataza kukohoa. Nimejaribu mbele ya kioo cha bafuni. Kikohozi kinatoka kizuri sana, kirefu, chenye mafunzo ndani yake.

Biskuti nimeshanunua.