Ombi la Kufungiwa Mnyororo Kisiwa cha Pelu

Shule ya Sekondari Pelu,
Kisiwa cha Pelu.
Asubuhi, kabla ya upepo kugeuka.

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Vita,
Dola ya Vuhar.

Mheshimiwa,

YAH: MNYORORO, PAMOJA NA SUALA LA KAKA YANGU

Natumaini barua hii inakukuta ukiwa mzima na ukishinda. Mimi ni Neriu Tavash, mwanafunzi wa kidato cha tatu. Darasani hata mkono sinyanyui, kwa hiyo ukiona nimeandika kwa Waziri, ujue jambo limenifika shingoni.

Sipingi vita. Najua mnapigania lile wingu lililosimama mpakani miaka kumi na moja iliyopita, nanyi mkaliona ni lenu, na Ilmesh wakaliona ni lao. Lilinyesha likaisha mwezi ule ule, lakini tumefundishwa kwamba heshima hainyeshi. Malalamiko yangu ni ya utaratibu tu. Kama ujuavyo, kisiwa chetu kinaelea angani, kimefungwa kwa kamba moja kwenye mwamba wa mpakani. Asubuhi upepo hutusukuma hadi anga yenu. Adhuhuri hugeuka na kutupeleka anga ya Ilmesh. Sheria yenu na yao ni moja: aliye kwenye anga yetu ni raia wetu. Tabu zetu zimeanzia hapo.

1. Mtihani wa historia ulianza saa nne ukaisha saa saba. Swali la kwanza liliuliza nani alianza vita. Nikaandika: Ilmesh. Nilipata sifuri, kwa kuwa karatasi zilikusanywa upepo ukiwa umeshageuka. Mwalimu Hadrel alinifariji: "Jibu lako lilikuwa sahihi kabisa, mwanangu. Tatizo lako unaandika polepole."

2. Bwana Quillo, mtunza bendera wa shule, ameteguka bega kwa kupandisha na kushusha. Sasa anatundika shuka la mkewe, lenye maua. Mkaguzi wenu alilipigia saluti. Wa Ilmesh alilipigia saluti na kutokwa machozi.

3. Kaka yangu Oshin, mwenye miaka kumi na tisa, aliandikishwa jeshini kwenu asubuhi na kwao alasiri, siku hiyo hiyo. Mwezi uliopita sajenti wenu alimwamuru ajifiche nyuma ya tanuri la mikate, aivizie doria ya Ilmesh itakayopita jioni. Alasiri sajenti wa Ilmesh akamwamuru aiongoze doria hiyo. Oshin akauliza, "Afande, na kama kuna mtu kajificha pale kwenye tanuri?" Akajibiwa, "Acha uoga wewe! Mwanamume gani anajificha nyuma ya mikate?" Basi akapita, na hakushambuliwa na mtu. Nyinyi mlimpa nishani kwa kumtisha adui asifyatue hata risasi moja. Ilmesh walimpa nishani kwa kuuponyoka mtego.

4. Wiki iliyopita upepo uligeuka mapema, kaka akiwa anakunywa uji, akasahau kubadilisha nishani, akakutwa na ya upande mwingine na siri ikatoka. Sasa mahakama yenu inamshtaki kwa kutoroka jeshi kila adhuhuri, na mahakama yao kwa kutoroka kila asubuhi. Kesi zote mbili ni siku ya soko ijayo. Ameruhusiwa kungoja nyumbani, kwa kuwa hakuna pa kukimbilia. Adhabu ni kukatwa kamba.

Mheshimiwa, nawe una kamba yako kiunoni kama sisi sote, na bila shaka unamkumbuka aliyekufunga. Ya Oshin ilifungwa na mama siku alipoanza kutambaa, kwa sababu alitambaa moja kwa moja kuelekea ukingoni. Chini ya ukingo hakuna kitu. Mwalimu wa jiografia amethibitisha. Siku hizi mama hazungumzii kesi. Kila asubuhi humwambia tu, "Hebu geuka nikuone," akalikagua fundo, akamwacha aende.

5. Mimi nimeitwa kutoa ushahidi dhidi yake, kwenu saa tatu na kwao saa tisa. Sijawahi kuzungumza mbele ya watu. Najua hili ni dogo, lakini nimeona nilitaje.

Kwa hiyo naomba, kwa unyenyekevu, mtufunge mnyororo wa chuma upande wenu, tusiyumbe tena daima. Nyinyi ndio wenye haki; vitabu vyetu vya asubuhi vinasema hivyo. Watu wa Ilmesh ni waongo, wana miguu mikubwa na hutafuna mdomo wazi. Tukiwa wenu mchana kutwa, itadhihirika kwamba Oshin hakuwatoroka hata siku moja, bali alipeperushwa. Akiwa na adui mmoja tu atakuwa askari mzuri sana. Akiwa hana hata mmoja atakuwa mwokaji mzuri zaidi, lakini hilo siliombi.

Nisalimie familia yako, majenerali wote, na karani atakayeifungua barua hii kwanza. Mama anakusalimu. Bwana Quillo pia, kwa mkono wa kushoto.

Mimi raia wako mwaminifu,
Neriu Tavash.

Nyongeza: Upepo umegeuka kabla wino haujakauka, na kumwandikia Waziri wa Vuhar saa hizi ni uhaini. Kwa hiyo, Mheshimiwa Waziri wa Vita wa Ilmesh, palipoandikwa Vuhar tafadhali soma Ilmesh, palipoandikwa Ilmesh soma Vuhar, na asubuhi iwe alasiri. Nimeipitia yote tangu mwanzo na sikuona jambo lingine la kubadilisha. Anayekuletea barua ni Oshin mwenyewe. Nishani aliyovaa ni yenu, nimehakikisha mara mbili. Tafadhali usichelewe kusoma: hadi upepo ugeuke tena, ni mtu wenu.