Diski ya Haraka na Salamu Maria Kumi

Jumatatu, 6 Oktoba

Diski imefika. Mjomba Étienne ameituma kutoka Lubumbashi kwa dereva wa basi, imefungwa ndani ya soksi. Nyepesi mno. Nimeitikisa karibu na sikio. Kimya kabisa. Hakuna kinachozunguka ndani yake, na ndiyo maana inakwenda kasi. Mjomba anasema ilitoka kwenye laptopu iliyomwagiwa bia, lakini diski yenyewe haikunywa.

Kompyuta yetu inakaa sebuleni, chini ya kitambaa alichokifuma Mama. Ina mchezo mmoja wa maana, wa mpira, na karibu vijana wote wa avenyu yetu hapa mtaa wa Panda wameshaucheza. Unachelewa sana kufunguka. Papa, baba yangu, aliuruhusu kwa sharti moja: wakati unafunguka, wachezaji wasali fungu moja la rozari. Salamu Maria kumi. Mgeni anaongoza, mwenye nyumba anajibu. Mchezo na fungu humalizika karibu pamoja. Papa anaona hiyo ni ishara. Mimi naona ni diski ya zamani.

Mgeni ni Reine. Anakaa avenyu ya nyuma, tuko darasa moja. Kabini ya umeme, ile yenye transfoma, ya upande wao imeungua tangu likizo, kwa hiyo kila jioni huja na simu zote za kwao ndani ya kikapu, anazichaji kwetu, na akingoja anacheza. Mimi na yeye hatujawahi kuzungumza. Yeye husema nusu ya kwanza ya Salamu Maria, mimi hujibu nusu ya pili. Hayo hayawezi kuitwa mazungumzo.

Mgeni mwingine ni Glody, jirani. Anacheza kuliko wote na anajipaka marashi. Kwao ni Wamethodisti, babu yake alisoma kwenye misheni yao ya Mulungwishi. Rozari ikianza yeye hutoka kwa adabu, husimama barazani mpaka tumalize.

Mpango wangu: nihamishie mchezo kwenye diski mpya. Kungoja kutakwisha. Muda utakaobaki nitautumia kuzungumza na Reine kama watu wengine wanavyozungumza. Nimeshaandaa mada. Nitaanza na malakiti, lile jiwe la kijani la shaba, namna linavyotokea ndani ya mwamba.

Jumanne, 7 Oktoba

Baada ya shule nimefungua kompyuta. Mama akauliza nafanya nini na bisibisi. Nikasema natoa vumbi. Haukuwa uongo: lilikuwamo vumbi jekundu la kutosha kufinyanga chungu, pamoja na mende. Mende alikuwa mzima.

Hapakuwa na skrubu za kushikia diski mpya. Nimeifunga kwa utepe wa zawadi. Inaning'inia, ila inafanya kazi.

Maelekezo nilikuwa nimeyasoma mara nyingi, nayajua kama katekisimu. Usikate, nakili. Ukishanakili, jaribu. Ukishajaribu, ngoja siku kadhaa ndipo ufute ya zamani. Nimenakili folda nzima. Pale ilipokuwa nimeacha kiungo, ili mchezo ukitafuta vitu vyake upelekwe kwenye diski mpya bila kushtuka. Nimejaribu. Mchezo umehama na wenyewe haujui! Nimejipongeza kimoyomoyo. Kisha nimefuta ya zamani papo hapo, kwa sababu ya usafi.

Jumatano, 8 Oktoba

Siku kuu.

Reine amefika na kikapu. Glody amefika na marashi. Papa alikuwa kwenye kiti chake, rozari mkononi, kidole gumba juu ya punje ya kwanza. Nimebofya.

Reine alipiga ishara ya msalaba. Akasema "Salamu", na uwanja ukatokea, watu wameshajaa, mpira katikati.

Glody alikuwa ameshatoa mguu mmoja nje. Akaurudisha. Akaniita enjenyeri, akachukua maneti ya pili ya kuchezea, akakaa karibu na Reine, mahali ninapokaa mimi. Reine akafunga mdomo.

Wakacheza. Mechi ikiisha, nyingine inaanza kabla sijameza mate. Nilikuwa nimekaa tayari na malakiti yangu, nikatafuta nafasi ya kuiingiza. Haikupatikana. Nimezungumza mara moja tu jioni nzima. Nimemwambia Reine simu yake imejaa. Haikuwa yake, ilikuwa ya mama yake.

Papa alibaki na kidole kwenye punje ileile mpaka wakati wa kula bukari.

Alhamisi, 9 Oktoba

Jioni kama ya jana, ila Glody amefunga mabao mengi zaidi. Reine hajafungua mdomo upande wangu. Amenipa kikapu nikishike, nikakishika.

Wageni walipoondoka, Papa ameniita. Papa ni karani wa depo, anapenda kila kitu kiingie na kitoke kwa utaratibu. Akauliza fungu la rozari limekwenda wapi. Nimemweleza habari ya diski isiyozunguka. Amesikiliza mpaka mwisho, akauliza tena fungu limekwenda wapi.

Nikapendekeza tusali kwanza, kisha tufungue mchezo. Nilidhani ni suluhisho zuri. Papa ameweka miwani mezani.

"Bikira Maria haiko tikete ya kuingilia stade ya mpira."

Akaendelea kwamba mtu anayesali huku akingoja hana haraka, na anayesali ili apate kucheza anakimbiza maneno kama anafukuzwa na mbwa. Hukumu: mpaka kesho kutwa jioni kompyuta iwe imepata tena uvumilivu wake. La sivyo inalala chini ya kitambaa mwezi wote wa Oktoba, ambao, amenikumbusha, ni mwezi wa Rozari.

Mama amesema Papa ana haki. Amesema pia kwamba mende amehamia jikoni.

Hali ni mbaya. Mchezo ukifungwa, Reine atapeleka kikapu kwa Glody. Baba yake Glody ana jenereta, na wana mchezo wao. Glody ameshamwambia. Nilikuwa pale pale, nimeshika kikapu.

Ijumaa, 10 Oktoba

Mpango wa pili: kuichosha kompyuta. Kabla Reine hajafika nimefungua kamusi elezo, picha zote za ubatizo, video ya kwaya, na hesabu za Papa za depo. Kila kitu kwa pamoja. Kompyuta ikaanza kunguruma kama lori la mawe linalopanda kutoka machimbo ya Kamatanda. Nikabofya mchezo.

Imesaidia kidogo. Reine amefika Salamu Maria ya pili kabla uwanja haujatokea. Glody alitoka, akarudi, akatoka tena, hakujua asimame upande gani wa mlango. Mwishowe akauliza mbele ya wote kama ni mimi niliyeharibu mashine. Kabla sijajibu, Reine akamwambia aniache, niko kazini.

Nimejibu nusu ya pili mara mbili. Sauti yangu ilitoka vizuri, mara ya pili hasa.

Usiku nimeona jambo. Tangu Jumatano nina muda wote wa kuzungumza na Reine, na sijazungumza. Zamani sikuwa na muda hata kidogo, na tulikuwa tunasemezana Salamu Maria kumi kila jioni. Nimeandika hesabu hii mara mbili, inatoa jibu lilelile.

Mchezo lazima urudi kwenye diski ya zamani.

Jumamosi, 11 Oktoba

Mawingu tangu asubuhi. Mama amenionya nisiguse mashine: mvua za kwanza na umeme wa kwetu havijawahi kupatana. Nimemshukuru.

Nimekaa kwenye kompyuta mchana. Maelekezo yanajulikana. Usikate, nakili. Lakini kunakili, kisha kujaribu, kisha kufuta ni kazi tatu, na Reine alikuwa njiani. Kukata na kubandika ni kazi moja. Nikakata. Nikabandika. Mstari wa kijani ukaanza kutembea pole pole, kama ulivyopaswa, kwa kuwa ulikuwa unaelekea kwenye diski ya pole pole. Nilifurahi kuona upole ule.

Mstari ulikuwa umepita nusu radi ilipopiga.

"Courant imeenda," Mama akasema kutoka jikoni, bila mshangao wowote.

Umeme uliporudi, nusu ya mchezo ilikuwa kwenye diski mpya, nusu kwenye ya zamani, na faili kubwa lenye viwanja vyote halisomeki kokote. Nimejaribu kuufungua. Umeonyesha nyasi. Kisha umekufa.

Mchezo tuliupata kwa binamu Papy, aliyetuletea kwenye diski yake mwaka juzi. Nimempigia. Ameuza kompyuta, amenunua pikipiki. Alitaka kunieleza habari za pikipiki.

Reine amefika, nguo zimelowa, kikapu amekifunika kwa nailoni. Nimemwambia mchezo umekwisha. Glody alikuwa nyuma yake. Akasema, kwa sauti ya mtu anayetoa pole, kwamba kwao jenereta inawaka na mchezo upo. Reine akanitazama. Nadhani alingoja niseme kitu. Nikasema ndiyo, mchezo wao ni mzuri, una picha safi zaidi.

Wakaenda. Papa akafunika kompyuta kwa kile kitambaa, akakinyoosha pembe zote nne.

Jumapili, 12 Oktoba

Misa. Reine alikuwa mabenchi mawili mbele. Nimeona kisogo chake. Nywele zimesukwa upya.

Alasiri mafundi walionekana kwenye kabini ya upande wao, watu wakapiga makofi. Hainihusu.

Jioni nimesikia jenereta ya kina Glody. Inasikika avenyu nzima. Papa alitaka tusali fungu letu hata hivyo, akaniambia niongoze. Kisha akasinzia, na Mama alikuwa anawinda mende. Nimeongoza na kujibu mwenyewe. Haina ladha.

Jumatatu, 13 Oktoba

Reine amekuja. Na kikapu.

Nimemwambia mlangoni kwamba hapa hakuna cha kucheza. Akasema anajua. Akaingia, akaketi mahali pake. Nimechukua simu nizichomeke, na nikagundua zote zimejaa. Kumbe umeme wa kwao umerudi tangu jana. Nikamweleza kwamba si vizuri kuchaji simu iliyojaa, betri inachoka. Amesema asante. Akaacha kikapu palepale sakafuni.

Nikamuuliza mchezo wa kina Glody ulikuwaje. Hili ni swali langu la kwanza kwake nje ya rozari, nalitia alama. Amechezea utepe wa kikapu kidogo.

"Kule banacheza tu. Hakuna mutu anajibu."

Nimemweleza kwamba hilo si kosa la Glody, Wamethodisti hawana desturi ya kusali rozari. Nimemweleza kwa kirefu, tangu mwanzo wa misheni. Amenitazama. Mama ametoka jikoni, mwiko mkononi, naye akanitazama. Akarudi jikoni.

Papa ametoa rozari yake. Amesema kwa kuwa hakuna mchezo wa kungojea, tusali mafungu yote matano. Reine hakukataa. Ameongoza, nimejibu. Katikati ya fungu la tatu tulichanganyikiwa, wote wawili tukasema nusu ya pili kwa pamoja, akacheka, Papa akakohoa. Nadhani ilikuwa jioni nzuri, ingawa malakiti haikupata nafasi.

Alipokuwa anatoka, nimemsindikiza mpaka kwenye ngazi. Ameniambia dada yake Josée ana kompyuta nyumbani, ina picha zote za ndoa yake, na imekuwa nzito sana. Akauliza kama naweza kuja Jumamosi kuiangalia. Mama yake atapika mikate. Josée mwenyewe hatakuwepo.

"Lakini haiko haraka, Gracien. Kama inakamata siku nzima, inakamata."

Amerudia mara ya pili, kwamba hakuna haraka, hata ikichukua siku nzima.

Inaonekana hana imani na kasi yangu, na baada ya yaliyotokea simlaumu. Nimemtuliza. Nimemwambia ninayo diski ya kasi, sasa haina kazi, nitaifunga kwenye kompyuta ya Josée na kuhamishia picha zote. Nimemwambia sitanakili, nitakata na kubandika, njia fupi kuliko zote, na kwamba sitahitaji hata kuketi. Mikate nitaichukua mkononi.

Amesimama kidogo pale kwenye ngazi, kisha akaenda. Nafikiri ameridhika.