Ukurasa Uliobaki Msumarini

Jumatatu, 7 Machi 1983
Miaka kumi na mmoja naogesha ng'ombe wa watu kwenye josho la serikali hapa Ngorongoro, na bado naitwa kibarua! Wenzetu wa kudumu wana koti la mvua, buti za mpira, likizo. Sisi tunalowa. Kupe ni walewale, mateke ya ng'ombe yaleyale.

Leo waraka umetundikwa ofisini: vibarua wafikiriwe ajira ya kudumu. Nikauchomoa chap kabla Kisioki, kibarua mwenzangu, hajafika. Asipojua, nafasi ni yangu. Ukurasa wa pili ulibaki msumarini. Potelea mbali, huko ni mihuri tu.

Jumanne, 8 Machi
Nimeusoma vizuri. Lo! Umri usizidi miaka thelathini na mitano. Mimi nina arobaini na nne, na mvi juu. Mkaguzi kutoka Arusha anakuja Ijumaa.

Nimemwambia mke wangu Nareyu kwamba kuanzia leo nina miaka thelathini. Akauliza, basi yule Naserian wetu, mwenye miaka ishirini, baba yake ni nani? Mwanamke huyu hanisaidii kabisa.

Alhamisi, 10 Machi
Nimeshuka Karatu kutafuta rangi nyeusi ya viatu. Maduka matupu, hata sabuni hakuna. Nikapasua betri za redio, nikachanganya ule unga mweusi na samli, nikapaka kichwani. Kijana kabisa!

Kisioki akaniona, akacheka mpaka akakaa chini. Akataka kunieleza habari za karatasi ya msumarini. Nikamkatiza. Wivu tu huo.

Ijumaa, 11 Machi
Sijui nianzie wapi.

Mkaguzi, Ndugu Moloimet, ni Mmaasai mwenzetu. Hakuuliza cheti cha kuzaliwa, maana nani anacho huku? Aliuliza rika, yaani nilitahiriwa na kundi gani. Nikasema Makaa, rika la vijana. Akataka shahidi wa rika hilo. Nikamwona Koinet, mume wa Naserian, kaleta ng'ombe kuogeshwa. Nikamsonta kidole.

Koinet akaangusha fimbo yake. Akasema kama mimi ni wa rika lake, basi amemwoa binti wa mwenzake wa rika, na huyo kwetu ni kama mwanawe, haoleki hata siku moja. Itabidi amrudishe leo hii. Naserian alikuwa palepale, mtoto mgongoni. Akaangua kilio.

Jamani, mwanangu! Kilio kile kilinichoma. Nikapiga kelele mbele ya watu na ng'ombe: mimi ni wa rika la Seuri, rika la wazee, mvi zipo chini ya betri! Mvua nayo ikaanza, weusi ukanitiririka mpaka kifuani. Nikajua kazi ndiyo imekwenda.

Ndipo Kisioki akaenda kuutoa ukurasa wa pili msumarini, akausoma kwa sauti. Kikomo cha umri ni kwa wanaoajiriwa upya. Kibarua aliyetimiza miaka mitano kazini anaingia na mvi zake, kwa haki zilezile za wenzake. Wote walikuwa wameusoma tangu Jumatatu! Kisioki akaongeza kwamba mimi ndiye wa siku nyingi kuliko wote, na kama siandikwi, naye hasaini.

Ndugu Moloimet akaandika jina langu. Sironka, wa kudumu! Akaniambia nikaoge kichwa. Nililia, nadhani watu walidhani ni mvua.

Jumatatu, 28 Machi
Nimevaa koti langu la mvua. Jua kali, jasho linanitoka, sivui ng'o! Kisioki kavaa lake. Nimemwomba radhi, tumekunywa chai pamoja. Naserian kaniletea maziwa, anasema bado Koinet anashtuka akiniona.

Jioni nimekuta waraka mpya msumarini: nyumba za watumishi, kwa wenye watoto watano na zaidi. Nimechomoa ukurasa wa kwanza kabla Kisioki hajauona. Ule mwingine nimeuacha. Ninao wanne tu, lakini si neno. Koinet siku zote ananiita baba. Kesho namwandika mwanangu wa tano.