Malalamiko Juu ya Maua ya 'M'e 'Manthofela na Njia ya Radi

Morena Letsoela, chifu wetu,

Amani, mvua na malisho visipungue bomani kwako.

Nakuandikia kwa unyenyekevu, mimi mwalimu mstaafu niliyekufundisha hata wewe kusoma, kumshtaki jirani yangu 'M'e 'Manthofela, mama ambaye maua yake yanachanua bila aibu.

Kama ujuavyo, leloele, ua lile lenye vichwa vyekundu kama mienge, hupandwa kando ya nyumba ili radi ipite mbali. Nyumba yangu ililindwa na shina alilopanda marehemu mke wangu, 'Mapuleng. Sasa shina hilo linanyauka, na mvua za Oktoba haziko mbali. Malalamiko yangu ni haya:

1. Nimelitunza kisomi. Nimelimwagilia asubuhi na jioni, nimelizika katika samadi hadi shingoni, na theluji ilipoanguka nikalifunika kwa blanketi langu la harusi. 'M'e 'Manthofela hakufanya lolote. Yake yamekaa juu ya mawe, mbuzi wakiyakanyaga, theluji ikiyalalia. Januari yalitoa mienge kumi na tisa. Langu halikutoa hata njiti ya kiberiti. Ikiwa uzembe unatuzwa hivi, tuwaambie nini watoto wa shule?

2. Nilipomweleza kwa upole kanuni za kilimo, alicheka mpaka akashika ukuta. "Ntate Ramabele, unalea ua au unanenepesha nguruwe?" Alisema hayo mbele ya wanawake watatu waliotoka bombani. Kufika jioni, kijiji kizima kilikuwa kinaniulizia hali ya nguruwe.

3. Radi ikifukuzwa kwake lazima ipate pa kwenda, na jirani wa karibu ni mimi. Kwa hiyo 'M'e ananitumia radi.

4. Amethubutu kutaka kunimegea vichipukizi. Nilikataa. Siwezi kupokea zawadi kwa mtu ninayekusudia kumshtaki.

Naomba basi usogeze mpaka wetu hatua nne, maua yaangukie kwangu. Hilo likishindikana, mwamuru ayatunze yake kama nilivyotunza langu, ili tuwe sawa mbele ya radi.

Nisalimie mkeo, wazee wa baraza, na yule ng'ombe wako mweupe aliyekula kabichi zangu; sina kinyongo naye.

Wako mtiifu,
Mokete Ramabele

Baada ya sahihi: Nikiwa natafuta gundi ya bahasha, 'M'e 'Manthofela ameingia na jembe, bila hodi. Amelifukua shina la 'Mapuleng. Limeoza lote. Nilikaa chini. Yeye akapanda vichipukizi vitano vya kwake katikati ya mawe. "Nyamaza, Ntate. Ni maua yale yale. 'Mapuleng ndiye aliyenimegea, mwaka ule nilipojenga."

Mpaka uache ulipo, Morena. Blanketi amelikung'uta samadi, akanifunika mabegani. "Anayesikia baridi ni wewe," akasema, "si ua."